Mashine ilizimwa saa nane

Zege la slabu, yaani sakafu ya ghorofa, ni kazi isiyo na kesho. Ukianza kumwaga upande mmoja lazima ufike wa pili siku hiyohiyo, maana saruji ikishaanza kushika, zege jipya haliungani sawasawa na la zamani. Panabaki mstari ambao macho yanaweza yasiuone, lakini maji ya mvua yatauona. Ndiyo maana siku ya zege hata fundi aliyelewa jana huamka mapema.

Ninayoikumbuka ilikuwa Tegeta, Dar es Salaam, mwezi wa nane mwaka 2008. Nilikuwa mwanafunzi wa uhandisi kwenye mafunzo kwa vitendo, na nilipewa kazi wanayopewa wanafunzi ambao hakuna anayejua awafanyishe nini: kuhesabu. Nikae karibu na mashine ya kuchanganyia, kila mfuko wa saruji unapopasuliwa nitie alama kwenye daftari, kila saa nipige mstari. Slabu ilikuwa ya ghorofa ya kwanza, karibu mita za mraba 175, unene sentimita 15. Kwa mchanganyiko wa moja kwa mbili kwa nne, yaani saruji, mchanga na kokoto, hesabu ilitupeleka kwenye mifuko 170.

Genge la zege lilikuwa la watu 34, wanaume kwa wanawake, likiongozwa na nyapara wao, mzee mfupi aliyevaa kofia ya sufu kwenye jua lile. Walipatana na msimamizi wetu shilingi 2,000 kwa mfuko. Kazi ikiisha wanagawana. Huhitaji kikokotoo: kila mtu elfu kumi. Naamini tangu alfajiri kila mmoja wao alikuwa ameshaitumia kichwani ile elfu kumi.

Mpangilio wa asubuhi ulikuwa wa kawaida. Wanane wanailisha mashine: mchanga, kokoto, saruji, na mama mmoja kwenye pipa la maji. Juu mafundi wanatandaza, mmoja ameshika vaibreta, kifaa cha kutikisa zege lishikamane. Waliobaki wanabeba. Kila mtu na ndoo yake ndogo ya lita kumi. Anachota, anapanda njia ya mbao iliyoegemezwa kwenye mirunda, anamwaga, anashuka na ndoo tupu kwa njia ileile. Ndoo hiyo ikijaa zege inakaribia kilo 24, na mfuko mmoja wa saruji hutoa ndoo kama kumi na tano. Mpaka saa sita daftari langu lilikuwa na mifuko 85. Saa iliyofuata, 13 tu.

Msimamizi aliliona daftari. Akatazama jua, akatazama slabu, akafanya alichofanya kila msimamizi niliyewahi kumwona akiogopa giza: akaenda kijiweni, pale vibarua wanapokaa na machepe yao wakisubiri wa kuwachukua, akarudi na vijana kumi na wawili.

«Mzee, nimekuongezea nguvu,» alimwambia nyapara.

«Asante bosi. Na hawa wanakula wapi?»

«Si humohumo tu. Kazi yenyewe ni moja.»

Nyapara hakujibu. Alivua kofia, akaivaa tena. Lakini jibu lake msimamizi lilikuwa limesikika mpaka juu kwa mafundi. Laki tatu na arobaini kwa watu 46 haifiki hata elfu saba na mia nne.

Saa iliyofuata niliandika mifuko tisa.

Sitasema kulikuwa na mgomo, kwa sababu hakuna aliyegoma. Hakuna aliyekaa chini, hakuna aliyetukana. Watu walitembea. Asubuhi walikuwa wakishuka ile njia ya mbao nusu wakikimbia. Sasa walishuka kama wanatoka msikitini. Aliyepanda alimsubiri anayeshuka, anayeshuka akamsubiri anayepanda, kwa adabu ambayo haikuwepo tangu asubuhi. Wageni, ambao hawakujua lolote, walijazana kwenye mdomo wa mashine na ndoo zao, kila mmoja akitaka aonekane anafanya kazi, wakawa wanagongana viwiko. Juu mafundi walianza kupiga kelele waletewe zege laini zaidi, na mama wa pipa akaongeza maji mara mbili kabla sijamwomba msimamizi amzuie. Hilo la maji lina siri yake: anayetandaza anataka zege la uji kwa sababu linajitandaza lenyewe, anayebeba hataki lijae mpaka juu, anayelisha mashine anataka lichanganywe haraka litoke, na mhandisi peke yake, ambaye habebi chochote, ndiye anayelitaka zito. Genge likiwa na furaha, mivutano hiyo huisha kwa utani. Likinuna, kila mmoja anavuta kwake na zege ndilo linaloharibika.

Miaka ya baadaye nilisoma habari za Max Ringelmann, mhandisi Mfaransa aliyewavutisha watu kamba na kupima nguvu zao. Matokeo yake, yaliyochapishwa mwaka 1913, yalionyesha kwamba watu wanane wakivuta pamoja hutoa takribani nusu tu ya nguvu ambayo wangetoa ukijumlisha kila mmoja akivuta peke yake. Sehemu ya upotevu huo ni kutokwenda sawa: huyu anavuta, yule anavuta pumzi. Mwaka 1974 watafiti wa Marekani waliirudia kamba hiyo kwa ujanja. Walimfunga mtu macho, wakamwaminisha kwamba kuna wenzake wanavuta nyuma yake, kumbe anavuta peke yake. Bado alilegea. Ndipo watu wakaanza kusema kwamba kwenye kundi mtu hujificha.

Nasoma hayo na kukubali nusu. Kugongana kwa viwiko kwenye mdomo wa mashine, ndiyo, nilikuona. Lakini kujificha? Pale Tegeta hapakuwa na aliyejificha. Kila mtu alijua hatua za mwenzake, na wale 34 walitembea mwendo mmoja uliopimwa vizuri kuliko walivyotembea asubuhi. Ulikuwa ushirikiano mkamilifu, ila haukuwa upande wetu. Kamba ya Ringelmann haikuwa na mtu aliyekuja katikati kumega posho ya wavutaji.

Aliyelivunja jambo hilo hakuwa nyapara wala msimamizi. Alikuwa opereta wa mashine, kijana mkorofi asiyesalimia watu, aliyelipwa kwa siku na mwenye mashine. Saa nane na dakika chache aliinama, akazima injini.

Asiyewahi kusikia mashine ya zege ikizimwa katikati ya slabu hawezi kujua ukimya ule. Msimamizi alikuja mbio. «Imekufa?»

«Haijafa. Nimeizima. Mimi saa kumi na mbili naondoka na mashine yangu. Kwa mwendo huu mtabaki na nusu slabu. Semeni kwanza hawa wanalipwaje, halafu niwashe.»

Nimelitafakari sana hilo. Neno hilo kila mtu alikuwa nalo mdomoni, na aliyeweza kulitoa ni yule ambaye shilingi yake haikuwemo kwenye lile fungu. Nyapara angelisema, angeonekana anawanyima riziki vijana wa watu. Mbebaji angelisema, kesho asingeitwa. Ukorofi wa yule kijana, uliotuudhi sote tangu asubuhi, ulikuwa na kazi yake.

Nyapara aliagiza kwanza magunia yaloweshwe yafunike ukingo wa zege kule juu lisikauke, kisha ndipo akazungumza na msimamizi, pembeni, kwa sauti ya chini. Sikusikia yote. Nilisikia «nusu siku» na nikasikia «mfukoni mwako bosi, si mwetu». Msimamizi alipiga simu, nadhani kwa mwenye nyumba, akarudi na sura ya mtu aliyekubali kitu ghali. Wale kumi na wawili watalipwa nusu siku, nje ya hesabu ya mifuko.

Ikabaki namna ya kuwapanga, na hapo mzee alionyesha kwa nini ndiye nyapara. Alikomesha kutembea. Alipanga watu 22 wasimame kutoka mashine mpaka juu, ndoo ipite mkono kwa mkono. Kwenye mwinuko mkali aliweka warefu. Vijana wa kijiweni hakuwaacha wasimame pamoja. Aliwachomeka mmojammoja kati ya wazoefu, kama anavyofanya mtu anayepanga mkaa mbichi kati ya uliowaka. Watatu walipewa kazi ya kurusha ndoo tupu kutoka upande wa pili wa jengo, zisirudi kwenye njia. Na watu sita aliwaambia wakakae kivulini.

Msimamizi alishtuka. «Unawakalisha, wakati tumechelewa?»

«Hao ni wa kubadilisha mikono, bosi. Mkono mmoja ukichoka, wote 22 wamechoka.»

Injini ikawashwa. Dakika chache za mwanzo ndoo ziliwaangukia watu miguuni, mgeni mmoja akapokea kwa mkono wa kushoto na kutoa kwa mkono huohuo, jirani yake akamwelekeza kwa kumkanyaga. Baadaye kidogo mwendo ulishika. Ndoo moja ilipita kila sekunde kumi na mbili hivi. Niliipima kwa saa yangu kwa sababu sikuwa na jingine la kufanya. Mifuko 20 kwa saa, zaidi ya asubuhi. Na kelele za kutaka maji ziliisha zenyewe. Hakuna aliyezikataza.

Mfuko wa mwisho ulipasuliwa kabla ya saa kumi na mbili. Opereta alikuwa ameanza kuiosha mashine yake kabla ndoo za mwisho hazijafika juu, na akaondoka bila kuaga.

Kwenye ripoti yangu ya chuo niliweka mchoro wa mifuko kwa saa. Mhadhiri aliyeisahihisha alizungushia lile shimo la saa nane na kuandika pembeni kwa kalamu nyekundu: «Hitilafu ya mashine?»

Wiki chache baadaye tulimwaga zege la msingi wa uzio. Genge lilelile, nyapara yuleyule na kofia yake. Wawili kati ya vijana wa kijiweni walikuwemo, na safari hii hawakuja na msimamizi. Mzee ndiye aliyewaleta, na jioni walisimama kwenye foleni ya mgao wa mifuko pamoja na wengine.