Tawi gonjwa la wakati

Wanafunzi wangu wa kidato cha sita wakiniuliza kama wakati unaweza kugawanyika, naanza na mwanafizikia Hugh Everett wa Chuo Kikuu cha Princeton, Marekani. Mwaka 1957 alitoa hoja kwamba kipimo cha kwanta, yaani cha chembe ndogo kabisa za maada, kinapofanyika, matokeo yote yanayowezekana hutokea, kila moja katika tawi lake. Matawi yake yote yana hadhi sawa, na hakuna linalokufa. Namfundisha kwa heshima, lakini hajawahi kunigusa moyo.

Nadharia iliyonigusa ni ya kubuni. Imo ndani ya Donnie Darko, filamu ya Richard Kelly ya mwaka 2001, katika kitabu ambacho humo kwenye hadithi kimeandikwa na Roberta Sparrow, mtawa aliyeacha utawa akawa mwalimu wa sayansi. Sparrow anasema wakati kwa kawaida umetengamaa, ila kwa nadra sana huingia hitilafu, na Ulimwengu wa Mchepuko huchipuka kutoka ule wa asili. Huo mpya hautengamai. Hudumu majuma machache, kisha huporomoka, na unaweza kuangamiza kila kilichopo.

Dalili yake ya kwanza ni kitu cha chuma ambacho hakuna ajuaye kilikotoka. Usiku wa tarehe 2 Oktoba 1988, katika mji mdogo wa Virginia, injini ya ndege inatoboa paa na kuangukia chumba cha kijana Donnie. Mwenyewe hayumo. Ameitwa nje akiwa usingizini na Frank, kiumbe mwenye sura ya sungura, anayemwambia dunia imebakiza siku 28, saa 6, dakika 42 na sekunde 12. Wachunguzi wanatafuta ndege iliyopoteza injini, hawaipati. Safari ya ndege hiyo bado haijafanyika.

Donnie ndiye Mpokeaji: kazi yake ni kuirudisha injini kwenye ulimwengu wa asili. Waliomzunguka wote, walimu, jirani, mpenzi wake Gretchen, wanamsukuma kwenye kazi hiyo pasipo kujua. Waliofia ndani ya mchepuko wana uwezo kuliko walio hai, ndiyo maana Frank, ambaye Donnie atampiga risasi mwishoni, anaweza kumjia tangu mwanzo. Maji hujenga lango kati ya ulimwengu huu na ule, chuma hupita humo. Ukishalijua hilo, lile bomba la maji la shule ambalo Donnie analipasua kwa shoka si utundu tena.

Kinachonishika ni ukali wa hesabu yake. Tawi ambamo kijana amenusurika ndilo tawi gonjwa. Injini imetoka kwenye ndege waliyopanda mama yake na mdogo wake wa kike. Akiirudisha, inamkuta kitandani na kumwua. Gretchen anaishi, Frank anaishi, na wala hawatamfahamu.

Kaka yangu alifariki ajalini kwenye barabara ya Segera. Kwa miaka mama aliishi katika lile tawi jingine: laiti angelikosa basi, laiti angeondoka kesho yake. Hata mimi nilikuwa na la kwangu, nimeweka humo harusi yake na watoto wake. Everett angeniambia huenda mahali fulani yu hai, na faraja hiyo sikuweza kuishika. Sparrow aliniambia jambo gumu zaidi, nami nikaliamini: tawi tunalolitamani haliwezi kubeba uzito wa watu kuhamia humo. Anaandika pia kwamba wanaoamka kutoka mchepukoni wengi huandamwa na ndoto, na wengi hawakumbuki kitu. Mama alikuwa akiota.

Toleo la mwongozaji, la mwaka 2004, liliziingiza kurasa za kitabu ndani ya filamu. Ushauri wangu ni kuanza na lile la 2001. Upotee kwanza pamoja na Donnie, uumie bila kuelezwa, ndipo usome kurasa. Mwenye kuanza na nadharia atakaa akikagua kanuni, na kijana atakufa mbele yake hajamtazama.