Safari ya Postojna, kwenda kumuona mnyama wa gizani

Basi kutoka Ljubljana mpaka Postojna linatumia kama saa moja hivi na njia nzima nilikua nachungulia mito, kwa sababu mito ya Slovenia ina tabia moja ambayo ndo ilinitoa kwetu mpaka kule: inapotea. Yaani mto unatiririka vizuri tu juu ya ardhi, unafika kwenye mwamba wa chokaa unazama, afu unaenda kuibukia mbali huko ukiwa na jina lingine kabisa. Mto Pivka ndo hivyo hivyo, unaingia kwenye Pango la Postojna karibu na mlango wanaopita wageni. Nilisimama pale nikawa nautazama ukibeba majani makavu, vijiti na povu, vyote vinaingia gizani. Watu walikua wananipita wanawahi treni, ila mi nasema ukitaka kuelewa maisha ya pangoni anzia kwenye yale majani. Ndani hakuna jua, pasipo na jua hakuna mmea, kwa hiyo karibu kila kinacholiwa mle kimetoka nje, ama kimeletwa na mto, ama kimeshuka na maji yanayopenya kwenye nyufa, ama kimedondoshwa na popo ambao wanakula nje wanarudi kulala ndani. Yapo mapango machache sana yanayojitegemea, kama lile la Movile kule Romania liligunduliwa 1986, mle bakteria wanapata nguvu kutoka kwenye kemikali za majini na viumbe wengine wote wanawategemea hao. Lakini mapango mengi yanaishi kwa makombo ya juu.

Kuingia ndani ni kwa treni ndogo ya umeme, na reli ya kwanza iliwekwa humo 1872. Baridi inakupiga mara moja, nyuzi kama 10 kiangazi na masika, haibadiliki, beba sweta. Baada ya treni unatembea kwa miguu, na hapa ndo nilianza kuona kitu ambacho wengi hawakukiangalia maana wote shingo juu wanapiga picha stalaktaiti, yale mawe yanayoning'inia kutoka darini. Kwenye kuta, karibu na taa, kuna mabaka ya kijani. Ni mwani na ukoga. Spora zake, yaani chembe ndogo za kuzaliana, zinaingia na hewa, na nguo, na viatu vyetu sisi wageni, na siku zote zingekufa gizani ila taa inazipa uhai. Nilikaa kwenye baka moja mpaka wenzangu wakaniacha mbele, lilikua na ukubwa wa kiganja, limeanza kijani kizito karibu na taa linafifia kadiri mwanga unavyopungua mpaka jiwe linarudi rangi yake. Kwa macho yetu ni kitu kizuri, lakini ndani ya pango huo ni uchafuzi, kwa sababu ni chakula kilichoingia mahali ambapo wenyeji wake wamezoea njaa, na kinawakaribisha wageni wa nje ambao wangeshindwa kuishi mle.

Na nikisema wenyeji namaanisha. Popo sio mwenyeji, yule analala tu. Wapo wengine wanaoweza kuishi ndani au nje, popote sawa kwao. Wenyeji hasa ni wale ambao ukiwatoa nje hawaishi, na wa kwanza kati ya wadudu kutambulika na sayansi alitoka hapa hapa Postojna. Mwaka 1831 Luka Čeč, ambaye kazi yake ilikua kuwasha taa pangoni, aliokota mbawakawa wa ajabu, na mwaka uliofuata Ferdinand Schmidt akamwandika rasmi kwa jina la Leptodirus hochenwartii. Kabla ya hapo watu wengi waliamini mapango hayana wadudu wake wenyewe. Unamuona kwenye sehemu ya maonyesho ya viumbe wa pangoni: hana macho, shingo nyembamba, tumbo limefura duara, miguu na papasi ndefu kupita kiasi. Ile duara ni magamba ya mgongoni yaliyoinuka na chini yake kuna nafasi ya hewa yenye unyevu. Papasi ndefu ndo zinamfanyia kazi ya macho, anagusa na kunusa njia nzima.

Sasa nije kwa niliyemfuata. Proteusi, salamanda mweupe wa majini, wapo kwenye tangi lenye mwanga hafifu na flashi ya kamera ni marufuku kabisa. Urefu kama sentimita 25 hadi 30, ngozi nyeupe yenye uwaridi, na pembeni ya kichwa matamvua mekundu yamechanua kama maua madogo. Vidole vitatu mbele, viwili nyuma, nilihesabu. Mahali pa macho ngozi imepita tu imefunika. Mmoja alikua ametulia kabisa kwa muda mrefu, afu akageuza kichwa taratibu sana, kidogo kushoto kidogo kulia, basi, akatulia tena. Mwandishi mmoja wa zamani, Valvasor, aliandika 1689 kwamba watu wa huku walimdhani ni mtoto wa joka, maana mafuriko yalikua yanamtoa nje. Mimi nilisimama pale mpaka kiongozi akaniita, na ningeachwa ningekaa zaidi.

Watu wengi wanasema hana macho kwa sababu hayatumii, kana kwamba kitu kisipotumika kinajifuta chenyewe. Haiko hivyo na naomba tuelewane hapa. Mtoto wa proteusi akiwa mchanga macho anayo, yanaanza kukua kama ya salamanda mwingine yeyote, afu yanasimama, yanarudi nyuma, yanazama chini ya ngozi. Samaki wa mapangoni wa Mexico, Astyanax, ni vivyo hivyo, kwenye kiinitete jicho linaanza halafu lenzi inakufa na jicho zima linaifuata. Mwaka 2000 watafiti Yamamoto na Jeffery walichukua lenzi ya kiinitete cha ndugu yake wa mtoni anayeona wakaipandikiza kwa wa pangoni, na jicho likakua! Yaani maelekezo mengi ya kujenga jicho bado yapo mwilini. Na 2008 mtafiti Borowsky alizalisha pamoja samaki vipofu wa mapango tofauti, baadhi ya watoto wakazaliwa wanaona, kwa sababu kila pango lilipoteza macho kwa njia yake na pale jeni ya mmoja ilipoharibika ya mwenzake ilikua nzima.

Kwa nini lipotee basi? Kwangu jibu liko kwenye yale majani ya mlangoni, ni njaa. Jicho pamoja na sehemu ya ubongo inayolihudumia linakula sana, kuna vipimo vya 2015 kwa hao samaki vilivyoonyesha kwa samaki wa gramu 1 kuona kunachukua kama asilimia 15 ya nguvu anayotumia akiwa ametulia. Kwenye pango lenye makombo hiyo ni gharama kubwa, aliyezaliwa na jicho dogo anabaki na akiba. Na sio kupoteza tu, jeni moja inayochangia kulififisha jicho la Astyanax ndo hiyo hiyo inamwongezea vinundu vya kuonjea mdomoni, kwa hiyo huku kinatoka huku kinaingia. Proteusi naye ananusa vizuri, anasikia mitetemo ya maji, anahisi hata umeme mdogo wa viumbe wengine.

Njaa hiyo hiyo ndo imempa ule upole niliouona kwenye tangi. Anaweza kukaa miaka bila kula. Anaanza kuzaa akiwa na kama miaka 15, anataga kila baada ya miaka 12 hivi, na watafiti wanakadiria anaweza kufika miaka 100. Kule Bosnia na Herzegovina walimfuatilia mmoja ambaye kwa zaidi ya miaka saba hakuhama mahali pake. Ndo maana mwaka 2016 jike mmoja wa Postojna alipotaga mayai 64 ikawa habari ya dunia, na watoto 21 walipona.

Kesho yake nilienda Pango la Planina ambako ule mto Pivka unakutana gizani na mto Rak, afu nikageuza nikaelekea Bela Krajina kusini mashariki, kwa sababu huko 1986 walipata proteusi mweusi, mwenye rangi na mwenye macho, anaishi chini ya ardhi kama wenzake. Waliopima vinasaba waliona yuko karibu zaidi na proteusi weupe wa jirani yake kuliko hao weupe walivyo karibu na weupe wa mbali, maana yake rangi nyeupe na upofu vimekuja zaidi ya mara moja, kila ukoo na safari yake. Hilo lilinigusa kuliko stalaktaiti zote.

Huko huko nilifika chemchemi ya Krupa, maji ya kijani yanatoka chini ya ukuta wa mwamba, mazuri kweli kweli. Miaka ya 1980 iligundulika maji hayo yamechafuliwa na PCB, kemikali za sumu, kutoka kiwandani, taka zilitupwa juu zikashuka kwenye nyufa kama yanavyoshuka majani. Sumu ya aina hii haitoki mwilini kirahisi, inajikusanya kwenye mafuta. Mnyama anayeishi miaka mitano angekusanya kidogo afe. Huyu anaishi miongo na miongo, anakula polepole, anatunza mafuta yake kwa ajili ya njaa inayokuja, na sumu anaitunza humo humo.