Nilivyoifufua kompyuta ya ami baada ya libblkid kuharibika

Ami yangu ana duka la kupiga chapa na fotokopi huko Mwembe Tayari, Mombasa. Kompyuta yake ni ya mtumba, ina Ubuntu (aina ya Linux), na ndani yake mna kazi za watu: barua za kuomba kazi, kadi za harusi, mitihani ya madrasa. Stima ilipotea ikarudi, ikapotea tena, na kompyuta ikagoma kuwaka. Fundi wa jirani alishatoa hukumu: ifutwe yote, iwekwe Windows.

"Ami, usikubali," nikamwambia kwa simu. "Asiiguse mtu mpaka nifike."

"Haya mwanangu, lakini fanya hima. Kadi za watu ni za Ijumaa."

Kwenye kioo, juu ya yale maneno ya "Kernel panic" (Linux imekwama kabisa), palikuwa na mstari uliotaja jina la faili: libblkid.so.1, kisha "Input/output error", yaani diski imeshindwa kuisoma. Mstari huo ulinipa karibu kila nilichohitaji. Libblkid ni laibrari ya mfumo, yaani faili la msimbo linalotumiwa na programu nyingi, inayotambua kilichomo kwenye diski. Haisomi barua wala picha. Inasoma sehemu ndogo za kila patisheni (fungu la diski), hasa mwanzoni, na kutafuta alama. Kwa ext4, mpangilio wa faili unaotumiwa na Ubuntu, superbloku (maelezo ya patisheni) huanzia baiti ya 1024, na ndani yake mna alama ya 53 EF pamoja na UUID, ile namba ndefu ambayo Linux huitumia kujua patisheni ipi ni ipi.

Lililonishangaza kidogo ni kwamba kompyuta ilikuwa imeshaiona patisheni yake kabla ya kukwama. Sababu ni kwamba initramfs, ule mfumo mdogo unaowaka kwanza, hubeba nakala yake ya libblkid. Nakala hiyo ilikuwa nzima. Iliyoharibika ni ile iliyo kwenye diski yenyewe, na systemd, programu inayowasha huduma zote za mfumo, haikuweza kuanza bila hiyo.

Kuna watu hukimbilia kupakua faili moja ya laibrari kutoka tovuti yoyote na kuibandika. Mimi siipendi kabisa njia hiyo. Hujui faili ni ya toleo gani wala nani kaichezea, na hapa diski yenyewe ndiyo iliyokuwa ikifa.

Nikawasha kwa flashi ya Ubuntu. Programu ya Disks ilionyesha sekta kadhaa (vipande vidogo vya diski) mbovu zinazosubiri kubadilishwa, kwa hiyo sikuandika chochote kwenye diski ile. Nilichukua SSD mpya iliyo kubwa kuliko ya zamani, nikaunga intaneti ya simu, nikaweka ddrescue, programu ya kuokoa data kwenye diski mbovu, na kunakili diski nzima, bloku kwa bloku. Uzuri wa ddrescue ni kwamba hukusanya kwanza kinachosomeka kwa urahisi, ndipo irudie penye ubovu, na faili ya ramani inakumbuka ilipofika hata stima ikikatika. Kazi hii ndiyo iliyokula muda. Ami aliniletea viazi karai na ukwaju, akawa anakuja kuchungulia asilimia.

Ddrescue ilipomaliza, nikaichomoa diski ya zamani kabla ya lolote lingine. Nakala ya namna hii ina UUID ileile, na zikiwa zimechomekwa zote mbili mfumo unaweza kushika isiyo sahihi.

Nikapitisha e2fsck, ya kukagua na kurekebisha ext4, kwenye SSD, nikaimaunti (nikaiunganisha ili faili zake zifunguke), kisha nikaitazama libblkid kwa hexdump, inayoonyesha baiti zenyewe. Faili ya laibrari isiyo na hitilafu huanza na 7f 45 4c 46. Hii ilianza na sifuri, mstari baada ya mstari: ndilo pengo la bloku ambayo ddrescue haikuweza kuisoma.

Yaliyobaki yalikwenda haraka. Nikaunga /dev, /proc, /sys na /run, nikaingia kwa chroot, yaani ndani ya mfumo wa SSD kana kwamba ndio uliowaka, nikaandika:

apt install --reinstall libblkid1

Kisha dpkg --verify, ambayo hulinganisha faili na alama zilizohifadhiwa wakati wa kusakinisha. Ilitoa faili nyingine chache zenye 5 kwenye mstari, ishara kwamba hazilingani, nazo nikasakinisha upya vifurushi vyake. Lakini dpkg haijui kazi za wateja, kwa hiyo hizo tulizifungua na ami moja moja. Kadi moja ya harusi haikufunguka. Akaichapa upya kutoka karatasi ya mteja.

Akaniuliza kama diski ya zamani haiwezi kuwekwa filamu za watoto. Nikamwambia, "Ami, hata filamu usiiwekee."