Daftari la Mipira: Nilivyodumu katika Kriketi ya Kaunti Baada ya Mgongo Kupasuka Mara Tatu

Siku niliyoshindwa kuinuka ilikuwa Jumapili moja ya Juni 2007, sebuleni kwa mama, nilipoinama kufunga kamba za viatu na kiuno kikakataa kunirudisha. Nilikuwa na miaka 17, mrushaji wa kasi katika timu ya vijana ya kaunti moja ya kusini mwa Uingereza, na jana yake nilikuwa nimerusha ova 18, na ova moja ni mipira sita. Mama, ambaye ni muuguzi, alipiga magoti nyuma yangu, akapapasa pingili moja baada ya nyingine kwa kidole gumba, na alipofika upande wa kushoto, juu kidogo ya nyonga, nikapiga yowe. Aliniuliza swali moja tu: "Tangu lini, mwanangu?" Nikamjibu kwamba ni asubuhi ile ile. Haikuwa kweli. Mahali pale palikuwa pakiniuma kwa wiki tatu, hasa usiku nilipojigeuza kitandani, na sikumwambia mtu kwa sababu majina ya watakaoingia akademia ya kaunti yalikuwa yatoke mwezi uliofuata.

Nilizaliwa Mombasa, na tulihamia Uingereza mwaka 2001 mama alipopata kazi hospitalini. Nilipokuwa na miaka 12, Kenya ilifika nusu fainali ya Kombe la Dunia la 2003, nami nikawatazama Martin Suji na Thomas Odoyo wakikimbia na mpira mpya, nikaamua kwamba hiyo ndiyo kazi nitakayoifanya. Sikujua kwamba kazi hiyo hupasua mara kwa mara mifupa ya mgongo ya wanaoifanya wakiwa vijana.

Kwa msomaji ambaye hajawahi kuutazama mchezo huu kwa karibu, nieleze kidogo. Mrushaji wa kasi hukimbia hatua 15 au 20, huruka, kisha hutua kwa mguu wa mbele ulionyooka, na nguvu inayompanda mguuni wakati huo huzidi mara tano ya uzito wake. Katika sehemu ndogo ya sekunde hiyo hiyo kiuno chake hupinda nyuma, hujisokota, na huegemea upande mmoja. Anayetumia mkono wa kulia, kama mimi, hubanwa zaidi upande wa kushoto, kwenye kidaraja chembamba cha mfupa kilicho nyuma ya pingili za chini za kiuno, na hapo ndipo ufa huanzia. Mfupa haupasuki kwa mpira mmoja. Ni kama waya unaopindwa huku na huku: huoni lolote, huoni lolote, kisha umekatika. Mechi ya Ligi Kuu ya kaunti huchukua siku nne, na msimu huanza Aprili, baridi ikiwa bado kali, ukaishia Septemba.

Kipimo cha MRI kilionyesha ufa kwenye pingili ya tano ya kiuno. Nakumbuka zaidi kipimo chenyewe kuliko matokeo yake: nimelala chali ndani ya lile bomba, mashine ikigonga kama fundi bati, na mimi nikizihesabu ova za wiki ile kwa mara ya kwanza maishani. Jumanne nilirusha mazoezini kwenye klabu. Jumatano nilichezea shule. Alhamisi nilikuwa kwenye neti za kaunti, yaani pale pa mazoezi palipozungushiwa nyavu, mbele ya kocha niliyetaka anione, na sikupumzisha hata mpira mmoja. Jumamosi nilirusha zile ova 18, ambazo ndizo zilizokuwa kikomo cha siku kwa kijana wa umri wangu. Shule ilikuwa ndani ya kanuni. Klabu ilikuwa ndani ya kanuni. Kaunti ilikuwa ndani ya kanuni. Kila mmoja alihesabu zake, na hapakuwa na mtu hata mmoja aliyezijumlisha, hata mimi mwenye mgongo.

Ningekuwa na busara ningelianza daftari siku ile. Sikulianza. Nilikaa miezi minne bila kurusha, nikapona, nikaingia akademia, na mwaka 2010 nikapewa mkataba wangu wa kwanza, wa msimu mmoja. Mkataba wa msimu mmoja ni kitu kinachomfundisha kijana kusema uongo. Unalipwa miezi ya kiangazi, unajua kwamba Septemba watakaa mezani wakujadili, na kila asubuhi mtaalamu wa fiziotherapia anapouliza "Unajisikiaje?" wewe unajibu "Niko sawa" kabla hajamaliza swali. Aprili ile wenzangu wawili waliumia, mmoja msuli wa ubavu na mwingine kifundo cha mguu, nami nikapandishwa kutoka timu ya pili. Katika siku tisa nilirusha ova 46, ilhali majira yote ya baridi nilikuwa nimefanya kazi ghalani nikipakia maboksi na kurusha mara moja kwa wiki. Nilichukua wiketi saba, yaani niliwatoa wapigaji saba. Gazeti la mtaa lilichapisha picha yangu, mama akaikata na kuibandika kwenye friji.

Wiki tatu baadaye mgongo ulipasuka tena, mahali pale pale.

Hizo wiki tatu ndizo jambo ambalo lilinichukua muda mrefu kulielewa, na bado naona halisemwi vya kutosha. Mrushaji hatarajii maumivu yaje siku anayojisikia vizuri, mara baada ya kufanya kazi kubwa. Lakini mfupa ulioelemewa ghafla hauumi papo hapo. Huanza kuvimba ndani kwa ndani, na huvunjika wiki tatu au nne mbele, pengine katika siku nyepesi ambayo umerusha ova tano tu. Basi unailaumu siku ile nyepesi, unalaumu viatu, unalaumu kiwanja kigumu. Kosa lenyewe lilishafanyika mwezi uliopita, siku ulipopigiwa makofi.

Ufa wa tatu, mwaka 2012, sitauelezea kwa urefu kwa sababu ni hadithi ile ile ya kuficha. Niseme tu kwamba nilikuwa na miaka 22, mkataba haukuongezwa, na usiku mwingi nilikuwa nikitazama video za warushaji walioumia. Nilimtazama David Lawrence wa Gloucestershire, ambaye mfupa wa goti lake ulipasuka alipokuwa akirusha huko Wellington, New Zealand, mwaka 1992, akachukuliwa kwa machela, na ambaye hata hivyo alirudi kuichezea kaunti yake mwaka 1997. Nilimtazama Simon Jones wa Uingereza, aliyechukua wiketi 18 katika Ashes ya 2005, mfululizo wa mechi dhidi ya Australia, kisha kifundo cha mguu kikamzuia, na hakucheza tena mechi hata moja ya Testi, ile ya kimataifa ya siku tano. Mama alinikataza kuzitazama. Aliona zinanivunja moyo. Kwangu zilikuwa kinyume chake: niliona kwamba watu wenye vipaji visivyofanana na changu hata kidogo walipitia njia hii, na kwamba baadhi yao hawakukubali iwe mwisho.

Bibi yangu alinitumia chupa ya mafuta ya karafuu kutoka Mombasa, kwa mkono wa mtu aliyekuwa akisafiri, na mama alinichua kila jioni. Najua hayaungi mfupa. Lakini ni wakati wa kuchuliwa, nimelala kifudifudi na siwezi kumwangalia usoni, ndipo nilipomwambia mama ukweli wote: wiki zile tatu za 2007, na siku kumi za 2010, na mwezi mzima wa 2012. Alinyamaza, akaendelea kuchua. Kisha akaenda kuniletea daftari la kazini, lenye mistari, la aina wanayoandikia joto na mapigo ya moyo ya wagonjwa. Akasema, "Mgonjwa asiyeandikwa hatibiki. Andika."

Niliandika. Safu ya kwanza ilikuwa mipira, wala si ova, kwa kuwa ova huhesabiwa mechini tu, na mgongo haujui tofauti ya mechi na mazoezi. Kila mpira niliourusha kwa nguvu uliingia: wa neti, wa kupasha moto misuli kabla ya mechi, hata ile mipira 12 ambayo nahodha anakuomba umrushie mpigaji fulani "haraka tu" jioni. Safu ya pili ilikuwa jumla ya siku saba, na ya tatu jumla ya siku 28. Safu ya nne ilikuwa maumivu, kutoka sifuri hadi kumi, yaliyopimwa kwa namna moja kila asubuhi: nasimama kwa mguu wa kushoto peke yake, najipinda nyuma polepole, naandika namba kabla sijapata nafasi ya kujidanganya.

Mtaalamu wa fiziotherapia wa klabu yangu mpya alinisaidia kuweka kanuni. Jumla ya wiki isiipite ya wiki iliyotangulia kwa zaidi ya sehemu moja ya tano. Maumivu yakifika tatu, siku mbili bila kurusha. Yakibaki tatu, napigwa MRI, kwa sababu siku hizi kipimo huonyesha uvimbe ndani ya mfupa kabla ufa haujatokea, na uvimbe hupona kwa wiki chache ilhali ufa hudai miezi. Kanuni ya mwisho ndiyo iliyonishangaza: nisiache kurusha kabisa majira ya baridi. Nilikuwa nimeamini kwamba kupumzika ndiko kupona. Mfupa hujiimarisha kwa mzigo na hudhoofika kwa kukaa, hivyo mrushaji anayepumzika miezi minne kisha akaingia Aprili kwa kasi kamili amejichimbia shimo mwenyewe. Karibu ndivyo nilivyofanya 2010. Kuanzia Novemba 2012 niliendelea na mipira 30, mara mbili kwa wiki, ndani ya ukumbi, kwa kasi ya wastani.

Kuhusu mtindo wa kurusha nilisita sana. Picha za polepole zilionyesha kwamba nyonga zangu zilitazama mbele wakati mabega yametazama pembeni, na msokoto huo ndio hasa unaoumiza kiuno. Kocha mmoja alitaka anibadilishe kila kitu. Nilimkumbuka James Anderson, mrushaji wa kasi wa Uingereza, ambaye makocha walimrekebisha mtindo akiwa kijana, akapata ufa wa mgongo mwaka 2006, kisha akarudia mtindo wake wa asili na akaendelea kucheza Testi hadi 2024, akamaliza akiwa na wiketi 704. Sikusema kwamba mimi ni Anderson. Nilisema mwili una mazoea yake, na kwamba naomba tubadilishe kitu kimoja tu. Tulibadilisha mguu wa nyuma: badala ya kidole kuelekea mbele, kwa mlinda wiketi anayesimama nyuma ya mpigaji, tukaugeuza kidogo uelekee pembeni, ili nyonga na mabega vitazame upande mmoja. Ilinichukua majira mawili ya baridi kabla mguu haujatua hivyo bila mimi kuuwaza. Nilipoteza kasi kidogo. Nikapata usahihi ambao sikuwahi kuwa nao.

Kaunti nyingine ilinipa mkataba mwaka 2014, na nilicheza misimu mitano, zaidi katika timu ya pili na mara kwa mara katika ya kwanza. Haikuwa misimu bila madhara. Kucha ya dole gumba la kushoto ilikuwa ikiwa nyeusi kila Mei, hadi nilipotoboa kiatu kwa kisu mbele, kama warushaji wengi wanavyofanya, ili dole lisigonge ukuta wa ngozi kila nitakapotua. Nilichanika msuli wa ubavu mwaka 2016 nikakosa wiki sita. Lakini mgongo haukupasuka tena.

Kilichokuwa kigumu kuliko yote ni kusema. Agosti 2015, tukihitaji wiketi mbili tushinde, nahodha alinipa mpira baada ya chai, yaani mapumziko ya alasiri. Hesabu yangu ya wiki ilikuwa imebakiza mipira 18, na asubuhi ile nilikuwa nimeandika mbili kwenye maumivu. Nilimwambia, "Nina ova tatu, nahodha, na zitakuwa za kweli." Alinitazama kwa muda mrefu. Miaka mitano nyuma ningesema niko sawa, nikarusha nane. Nilirusha tatu, nikachukua moja, nikamrudishia mpira mbele ya watu wote. Hatukushinda siku ile. Jioni aliniomba nimwonyeshe daftari, akalisoma kurasa kadhaa akiwa amekaa sakafuni kwenye chumba cha kubadilishia nguo, na msimu uliofuata aliniuliza kabla ya kila mechi nimebakiza mipira mingapi.

Mkataba wangu ulikwisha Septemba 2018, nikiwa na miaka 28. Waliniambia kwa heshima kwamba wanataka vijana wenye kasi zaidi, na nilikubali kuwa walikuwa na haki. Nina madaftari saba, moja kwa kila mwaka tangu ule wa 2012, yamejaa wino wa bluu na madoa ya jasho. La mwisho lina mipira 2,214, na safu ya maumivu haikupita mbili. Sasa nacheza ligi ya Jumamosi, mipira 48 na si zaidi, na daftari la nane liko kwenye mkoba pamoja na kile kiatu kilichotobolewa.