Kadi za Shosho

Nilipokea maziwa miaka sita katika chama kimoja cha ushirika nje ya Nakuru, upande wa Njoro, na miaka yote hiyo sikuwahi kuwa mfanyakazi. Nilikuwa kibarua. Saa kumi na moja alfajiri nipo mlangoni, natumbukiza laktomita, kile kipimo cha kuona kama maziwa yametiwa maji, nachanganya maziwa na spiriti kidogo nione kama yatakatika, napima kilo, naandika kwenye kadi ya mkulima. Jumamosi napewa bahasha. Kila baada ya miezi mitatu jina langu lilitolewa kwenye orodha wiki moja, eti nipumzike, kisha likarudishwa kama la mgeni. Kupumzika kwenyewe kulikuwa kwa karatasi tu. Nani mwingine angeamka saa tisa?

Mwaka 2015 tuliandika barua, watu kumi na mmoja, kuomba tuajiriwe rasmi. Haikupita wiki mbili tukaambiwa kesho tusije.

Wakili alitusomea kifungu cha 37 cha Sheria ya Ajira ya 2007: kibarua akifanya kazi mfululizo kwa siku zinazofika mwezi, au akipewa kazi isiyotarajiwa kuisha kabla ya miezi mitatu, sheria humhesabu mtu wa mshahara wa mwezi. Nikamuuliza, kwani ng'ombe wa Njoro wataacha kukamwa lini? Akacheka, halafu akataka ushahidi. Hatukuwa na kitu. Bahasha zenyewe tulikuwa tumewashia jiko.

Kilichoniuma zaidi ni majirani. Ushirika si mali ya tajiri fulani; wenyewe ni wakulima, na mshahara wangu ungetoka kwenye kilo zao. Mzee mmoja niliyempimia miaka yote alinipita stejini akasema bila kunitazama, "Sasa mnataka kutukamua sisi." Sikuwa na jibu. Hata leo silioni vizuri. Wenzangu watatu walijitoa kwenye kesi kwa sababu ya maneno kama hayo.

Basi jioni moja shosho mmoja, bibi mzee mwanachama wa siku nyingi, akaja kwetu na mfuko wa unga wa plastiki. Ndani mlikuwa na kadi zake za maziwa, zimefungwa kwa kamba ya katani, kingo zimeloa mafuta hadi zinapitisha mwanga. Alikuwa hajatupa hata moja.

Mahakamani, 2016, meneja alileta orodha yake. Akaonyesha wiki ambazo sikuwepo: hii hapa, na hii hapa. Wakili wetu akampa kadi za wiki zilezile. Mimi huandika saba yangu na kistari katikati. Mwalimu wangu wa darasa la tatu alinichapa kwa sababu ya kistari hicho na sikukiacha. Saba hizo zilijaa kwenye kadi, asubuhi baada ya asubuhi, na jina langu kwa kifupi pembeni.

"Mwandiko huu ni wa nani?" wakili akauliza.

Meneja akavua miwani, akaifuta kwa tai, akaivaa tena. Akasema huenda ni wa kibarua mwingine. Jaji akaomba kalamu nipewe, niandike saba kumi.

Hukumu ilitoka miezi kadhaa baadaye. Tulihesabiwa waajiriwa, tukalipwa notisi, likizo ambazo hatukuwahi kwenda, na fidia. Kazini hatukurudi.

Ninachokumbuka zaidi ni siku ile niliyoandikishwa zile saba, nje ya chumba cha mahakama. Nilimshika shosho mikono yote miwili, nikamwambia sijui nimshukuruje.

"Niachilie kwanza," akasema. "Hizo kadi nitarudishiwa lini? Mimi pia nawadai maziwa ya Juni."