Kabla Mama hajaingia chumba cha upasuaji

Mama alipopangiwa upasuaji wa ngiri, nilikwenda kwenye dirisha la malipo kuomba makadirio ya gharama kwa maandishi. Karani aliniandikia jumla moja tu kwa kalamu nyuma ya risiti; nikarudi kesho yake na daftari, nikauliza ada ya daktari mpasuaji, ya daktari wa usingizi, ya chumba cha upasuaji, vipimo, dawa, na kitanda kwa kila usiku. Hapo ndipo ilipobainika kwamba ada ya daktari wa usingizi haikuwamo kabisa katika jumla ile.

Hapa Kenya, ambako SHA, mamlaka ya bima ya afya ya jamii, ilichukua nafasi ya NHIF, bima ya taifa ya hospitali, mwezi wa Oktoba 2024 na mwenye mshahara hukatwa asilimia 2.75 ya mapato yake, wengi hudhani kwamba michango ikishalipwa kazi imekwisha. Bima hulipa kwa viwango vilivyowekwa, kwa hiyo swali ninaloliona muhimu kuliko yote, hasa katika hospitali ya kibinafsi, ni hili: SHA ikishalipa, sisi tutabakiwa na kiasi gani, na idhini ya SHA itaombwa lini na nani?

Kwenye makadirio tuliongeza usiku mmoja wa tahadhari, dawa za nyumbani, na nauli ya kurudi kliniki kutolewa nyuzi. Ndugu zangu walichanga mapema, na kilichopungua tuliomba kukilipa kwa awamu wiki mbili kabla ya upasuaji, Mama akiwa bado anapika chapati jikoni kwake.