Kaniki ya bibi ilikuwa nyeusi au bluu?

Juzi tulikuwa tunapanga sanduku la marehemu bibi nikakuta kaniki yake, nikaisogeza dirishani kwenye jua, bluu kabisa, bluu iliyokoza. Na bibi maisha yake yote alikuwa anaiita nyeusi. Utotoni niliwahi kumwambia bibi mbona hii ni bluu, akasema we mtoto nguo nyeusi hii, akaendelea na kazi zake. Nikadhani macho yamechoka, lakini bibi huyohuyo alikuwa anachambua mchele kwa kibatari na haachi jiwe hata moja.

Nimekuja kuelewa ukubwani. Hebu angalia kiswahili chetu, rangi zinazofuata ngeli ni tatu tu, -eupe, -eusi na -ekundu. Kitambaa chekundu, mti mweusi, mawe meupe, lakini chebluu hakuna. Zingine tumezichota kwenye vitu, kijani ni majani, kijivu ni jivu, manjano ndo hiyohiyo ya mchuzi, zambarau tunda, kahawia kahawa, halafu damu ya mzee, jina ambalo mimi nalipenda kuliko yote. Bluu ni neno la kuja. Mwaka 1969 Brent Berlin na Paul Kay walilinganisha rangi kwenye lugha nyingi za dunia wakasema lugha yenye majina matatu tu ya msingi basi huwa ni hayahaya, nyeupe, nyeusi, nyekundu. Yaani bibi alikuwa na mafungu yake na kaniki ilikuwa na fungu lake.

Sasa je, jina linagusa mpaka macho? Warusi hawana bluu moja, wana sinii ile iliyokoza na goluboi ile ya mpauko, kwao ni rangi mbili tofauti kama sisi nyekundu na nyeupe. Kuna jaribio lilitoka 2007, watu wanaonyeshwa vipande vya bluu wachague vinavyofanana, Warusi walikuwa wepesi zaidi pale vipande vinapoangukia majina mawili, wazungumzaji wa kiingereza hawakupata wepesi huo. Sio kwamba hawaoni, wanaona vizuri tu, ila lugha haijawazoesha kuweka mpaka pale. Hili jambo limenikaa kichwani wiki nzima.

Jana nikampigia shangazi, nikamuuliza tu, eti shangazi kaniki ya bibi ilikuwa rangi gani? Hata hakufikiria.

"Nyeusi. Kwani imepauka?"